Twende Mlimani kwa Miguu, Tulale kwa Tate

Leo jioni, wakati mnakula, uliza mtoto wako swali hili: "Kijiji chetu kinaitwa namna gani?" Kama mtoto amezaliwa Kamituga, Lugushwa, Nyabibwe ao kwenye machimbo mengine, labda atakutajia jina la kartye mnamokaa. Usimgombeze. Yeye hakukosa kitu. Ni wewe mzazi ambaye hujampeleka.

Wengi wetu tunajua namna mambo yalivyoanza. Babu zetu walishuka toka milima ya Bushi na kwingineko kuandikwa kazi na MGL, ile kampuni ya dhahabu ya wakati wa Wabelgiji. Baba zetu wakafuata kwa SOMINKI, toka 1976 mpaka ilipoanguka 1997. Kila mmoja alisema: nitafanya miaka miwili ao mitatu, nipate ng'ombe, nirudi. Wengine walirudi. Wengi wangali wakisema hivyo mpaka walipozikwa kulekule. Na sisi watoto wao tunaendelea kuchimba, tunaendelea kusema: mwaka kesho.

Katika ukurasa huu tunataka kukusimulia safari ndogo ya siku chache, isiyohitaji pesa nyingi. Ni safari ya miguu, na ya kulala kwa watu, mlimani.

JAMAA MOJA YA KAMITUGA

Katika likizo kubwa ya mwaka 2023 tuliandamana na jamaa moja: baba mchimba dhahabu, bibi yake anayetwanga mawe pamoja na wamama wengine, kijana wao wa miaka 14 na binti wa miaka 10. Mama mzazi wa huyu baba anakaa kwenye kilima kimoja cha Kabare, chini ya mlima Kahuzi. Baba alikuwa hajakanyaga pale miaka tisa. Watoto hawakuwa wamefika hata siku moja.

"Si kwamba nilimusahau mama," alituambia. "Nilikuwa namutumia pesa kwa simu. Nilifikiri pesa inatosha."

Toka Kamituga mpaka Bukavu ni kama kilometa 180, na wewe unajua ile barabara. Njiani tulisimama Kasika, tukasali. Pale, tarehe 24 Agosti 1998, padri, masista, mwami na waumini wengi waliuawa. Mama alitaka watoto wajue kwamba barabara hii wanayopita kila mara kwa kelele ya lori ina watu wake waliolala chini.

Bukavu tulipumzika siku mbili kwa ndugu. Kiisha, asubuhi mapema, tukashika barabara ya kaskazini, ziwa Kivu likiwa mkono wa kuume. Tukapita soko la Mudaka, tukashuka Miti. Pale kuna njia inayopanda kwenda Tshivanga, kwenye mlango wa Hifadhi ya Kahuzi-Biega. Vijana wa moto walitukimbilia: "Papa, pandeni!" Baba akasimama. Kijana wake alikuwa amekwisha kuweka mguu juu ya moto. Lakini mama akasema, "Hapana. Tulisema miguu, ni miguu."

KWA NINI MIGUU?

Utasema: kwa nini kujitesa, na moto iko? Sikiliza vile ilivyokuwa.

Tulipita kati ya mashamba ya chai na ya kinkina, ule mti ambao maganda yake yanatoa kinini, dawa ya malaria. Njia ni ya udongo mwekundu, inapanda, inashuka kwenye kijito, inapanda tena. Na kila tulipopita nyumba, mtu alisimama akatusalimu: "Asinge!" Kiisha, swali likawa moja tu: "Uyu ni mutoto wa nani?"

Mara ya kwanza baba alijibu kwa haya kidogo. Alitaja jina la baba yake. Mzee aliyeuliza akaweka jembe chini. "Ule aliyeenda SOMINKI? Basi wewe ni kale katoto kalikuwa kanaanguka-anguka mu kishanga!" Watoto walicheka mpaka wakakaa chini. Hawakuwa wamefikiri kwamba baba yao aliwahi kuwa mtoto.

Nyumba ya pili, swali lilelile. Ya tatu, lilelile. Katika saa tatu za njia, baba alitaja jina la baba yake labda mara ishirini. Na tulipofika, tate alikuwa amekwisha kujua. Habari ilitupita njiani. Alikuwa amesimama mbele ya nyumba, amevaa kitenge chake cha Misa.

Ndiyo sababu ya miguu, msomaji. Moto inapita watu. Mtu wa miguu lazima asalimie, na akisalimia anaulizwa, na akiulizwa anajulikana. Kumbuka hata Bikira Maria: aliposikia habari ya Elizabeti aliondoka kwenda katika nchi ya milima, akakaa kwake karibu miezi 3. Hakutuma salamu tu.

KULALA KWA WATU

Mgeni anayelala si sawa na mgeni anayepita. Anayepita anaonyeshwa uso wa nyumba. Anayelala anaona pahali mvua inapovuja.

Tate alitoa kitanda chake, yeye akataka kulala juu ya mkeka karibu na moto. Mama wa Kamituga akakataa, wakabishana kwa adabu muda mrefu. Mwisho wakalala pamoja, yeye na mkwe wake, kitanda kimoja, wakasemezana usiku. Asubuhi mama alituambia: "Nimeolewa miaka kumi na tano. Ile usiku moja nilijua bwana wangu kupita miaka yote."

Chakula cha kwanza kilikuwa fufu ya muhogo, maharagi na sombe. Kijana akatazama sahani, akauliza: "Nyama haiko?" Nyumba ikanyamaza. Tate akaamka kwenda kukamata kuku wake, na huyo alikuwa mmoja tu. Baba akamshika mkono, akamkalisha. Usiku ule alimtoa kijana inje, hakumpiga. Alimwonyesha migomba. Ilikuwa imebaki michache, na mingine majani yake yalikuwa manjano. Ni ule ugonjwa wa mnyauko. Katika nchi yetu ulionekana kwanza kule Masisi mwaka 2001, kiisha ukashuka mpaka Kivu ya Kusini. Zamani jamaa ya Bushi ilikula ndizi, ikauza ndizi, ikatengeneza kasiksi kwa sikukuu na mahari. Mgomba ukianguka, ni bulaya ya ada ya shule inayoanguka.

"Tate yako anakupa vile iko navyo," baba akasema. "Wewe unamuuliza vile hana."

Siku ya tatu kuku alichinjwa. Tate alitaka, na kumkatalia tena kungekuwa kumdharau. Lakini kijana hakusema tena neno la nyama. Alisema maneno mawili ya Mashi ambayo dada yake alikuwa amejifunza kwa watoto wa jirani: "Koko bwenene." Maana yake, asante sana. Tate akacheka, akamrudishia kwa Mashi maneno mengi ambayo kijana hakusikia hata moja.

Na kila asubuhi tate alifanya kitu kimoja. Aliwaita watoto mbele yake, akauliza jina la kila mmoja. Majina yao ni ya Kifaransa na ulimi wake haukuyazoea. Aliyavunja, akarudia, akayavunja tena. Watoto wakamsahihisha. Alitaka kuyajua, akasema, ili akiwaombea Mungu asichanganye watu.

SIKU YA TATU, JEMBE

Wahenga walisema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Siku ya tatu tulishika jembe, na hapo ndipo safari yetu ilipogusa jambo zito.

Shamba la jamaa hii ni la kalinzi. Labda wewe unajua neno, lakini mtoto wako hajui. Kwa desturi ya Bushi, mtu alitoa ng'ombe kwa mwami, ao kwa mkubwa anayesimama badala yake, akapewa kilima cha kulima, yeye na watoto wake baada yake. Hiyo ndiyo kalinzi. Si kama bwasa, ambayo ni kuazima shamba kwa muda tu. Kalinzi inarithiwa. Lakini haikuandikwa kwa karatasi. Imeandikwa ndani ya vichwa vya watu: majirani, wazee, kapita. Mtu akikaa inje miaka mingi, watoto wake hawajulikani, wazee wanakufa mmoja mmoja, basi ule ushahidi unakufa nao. Tena sheria ya 1973 ilisema udongo wote ni wa Serikali. Toka pale, wenye nguvu wengi walijua kutafuta karatasi juu ya udongo ambao wengine waliulima bila karatasi.

Tulipopanda kwenye shamba, tulikuta nusu ya juu imelimwa na baba mdogo, ndugu ya marehemu. Yeye mwenyewe alikuja, hakujificha. Alisema wazi: "Nililima juu udongo ilikuwa inalala. Na watu walisema: wa Kamituga hawarudiake. Nilifikiri mulishapotea."

Na kipande cha chini, karibu na kijito, kilikuwa kimekwisha kuuzwa kwa mtu wa mji. Baba hakujua. Tate hakumwambia kwa simu. Alisema habari kama ile haisemwi kwa simu.

Msomaji, tulifikiri kutakuwa magomvi. Baba aliondoka akaenda kusimama peke yake nyuma ya miti. Aliporudi aliomba wazee waitwe. Jioni ile walikuja: kapita, mkatekista wa shirika, wazee wawili, baba mdogo na tate. Hawakukaa nyumbani. Walitembea juu ya mpaka wote, toka mti mpaka jiwe, toka jiwe mpaka mfereji, na watoto wawili mbele yao. Kwenye kila alama mzee mmoja aliwaambia watoto washike kwa mkono, waseme kwa sauti: "Ni hapa."

Wakapatana hivi: baba mdogo aendelee kulima sehemu ya juu, atoe sehemu ya mavuno kwa tate, na ijulikane kwa wote kwamba ni shamba la watoto hawa. Kile kipande cha chini hakikurudi. Kilikwenda, na kinatosha kuonyesha bei ya miaka tisa.

Baba alituambia usiku: "Kule kwenye shimo ninajua kila mwamba. Huku niliacha watu wengine wajue shamba yangu kuliko miye."

MLIMA ULIO JUU YA SHAMBA

Toka kwenye shamba unaona Kahuzi mbele yako, metre 3,308. Asubuhi unajifunika ukungu, mchana unajionyesha. Ndugu yake Biega ana metre 2,790. Chini kuna msitu, halafu mianzi, na juu kabisa majani mafupi ya baridi. Hifadhi iliwekwa mwaka 1970, ikapanuliwa 1975, na 1980 UNESCO ikaiandika kati ya mali ya dunia yote. Mle ndimo wanamokaa sokwe wakubwa wa milima yetu ya mashariki, ambao wageni walikuwa wanatoka Ulaya kuja kuwatazama.

Watu wa machimbo tuna deni kwa mlima ule, tuseme kweli. Bei ya koltani ilipopanda sana katika mwaka 2000, watu maelfu waliingia ndani ya Hifadhi kuchimba, na silaha zilikuwa kila pahali. Walikula nini? Nyama ya msitu. Tembo wa sehemu ya juu walikwisha karibu wote. Sokwe wakubwa wa sehemu ile, ambao kabla ya vita walizidi 200, walibaki karibu 130. Tulipokuwa tunarudi tulipitia Lwiro, kwenye majumba makubwa ya kituo cha utafiti kilichoanzishwa na Wabelgiji 1947. Pale, toka 2002, wanalea sokwemtu na nyani ambao mama zao waliuawa na wawindaji. Binti alisimama mbele ya uzio muda mrefu. Akauliza: "Mama yake iko wapi?" Tulimjibu kweli.

Lakini kuna deni lingine ambalo si letu peke yetu. Kabla ya Hifadhi, Batwa walikaa ndani ya msitu ule. Katika miaka ya 1970 walitolewa, bila kupewa udongo mwingine. Wengi wanaishi mpaka leo kando ya mashamba ya wengine, wakilima kwa mshahara wa siku. Mwaka 2024 uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na za Watu ulitangazwa: nchi yetu iliwavunjia haki zao. Baba wa Kamituga, ambaye alikuwa angali na uchungu wa kipande chake cha chini, aliposikia wazee wakisimulia habari ya Batwa, alinyamaza kidogo. Halafu akasema: "Miye nilipoteza kipande juu sikuja. Hao walikuwako, na walipoteza yote."

KABLA HUJATOKA

Kama unataka kufanya safari ya namna hii, shika maneno haya:

1. Uliza usalama kwanza. Februari 2025 vita vilifika Kavumu na Bukavu, na njia inaweza kubadilika kwa siku moja. Uliza watu wa shirika, wa parokia na jamaa ya kule kijijini. Wakikuambia "ngojeni", ngoja. Shamba halikimbii, lakini risasi inakimbia.

2. Usipeleke ugonjwa. Ile namna mpya ya mpox ilijulikana kwanza kwetu Kamituga, toka 2023. Mtu mwenye homa na vipele abaki nyumbani, aende kwenye kituo cha afya. Tate yako hana nguvu ya kupigana na ugonjwa ulioleta ukifikiri umeleta zawadi.

3. Chagua kiangazi, mwezi wa 6 mpaka wa 8. Toka mapema, na usitembee usiku. Mlimani usiku ni baridi: kila mtu awe na nguo nzito na blanketi. Viatu viwe vile mguu umevizoea. Viatu vipya ni malengelenge.

4. Toa habari kabla. Usimwangukie mwenyeji kama mvua. Peana habari kwa kapita ao shefu wa kijiji siku ya kufika, na uwe na karte yako.

5. Beba chakula: chumvi, sukari, mafuta, sambaza kavu, sabuni. Peleka kwa mama wa nyumba, si kwa kuonyesha watu. Kama una pesa ya kumwachia, mpe mkononi siku ya kuondoka, mkiwa wawili tu.

6. Maji ya kunywa yachemshwe. Watoto wasaidie kuteka maji na kuokota kuni toka siku ya kwanza.

7. Usihesabu mbele ya watu dola unazopata kwenye machimbo. Kijana wa kijiji akikusikia, kesho ataacha jembe na shule akufuate. Mwambie pia habari ya mashimo yanayoanguka.

8. Tembea juu ya mpaka wa shamba pamoja na watoto na wazee. Hata kama hakuna magomvi. Zaidi kama hakuna magomvi.

WALIPORUDI

Siku ya kuondoka tate alitusindikiza mpaka kwenye kijito, akasimama. Hakulia mbele ya watoto. Alitaja majina yao mawili, yote mawili sawasawa, bila kuvunja hata moja.

Vita vilipofika kule Februari 2025, siku nyingi simu haikupita. Baba alikuwa anapanda kilima cha Kamituga kila jioni kutafuta rezo. Mwisho sauti ikaja. Tate alikuwa amelala porini na majirani siku chache, akarudi nyumbani. Mbuzi walikuwa wamekwenda. Baba akaanza kuuliza habari ya nyumba, ya shamba, ya baba mdogo. Tate akamkatiza. Alitaka kwanza kusikia watoto, akawaita kwa majina, mmoja halafu mwingine, na kila mmoja akajibu: "Niko, tate."

Ndugu msomaji, mwenyeji wako angali hai? Basi usiseme tena mwaka kesho. Njia ikiwa salama, funga mzigo mdogo, shika watoto mkono, panda.

MASWALI YA KUZUNGUMZA KATIKA JAMAA AO KATIKA SHIRIKA

- Watoto wetu wanajua jina la kilima chetu, na la babu aliyekaa pale?
- Nani kule kijijini anajua sura za watoto wetu? Akifa, nani atabaki kuwa shahidi?
- Tulipokuwa wageni mara ya mwisho, tuliacha nyumba ya mwenyeji na furaha, ao na deni?
- Karibu na machimbo yetu, ni watu gani waliotolewa kwenye udongo wao? Sisi tunawaita namna gani, na tunawapokea namna gani?